Katikati ya iliki nipande nini: tangawizi, magimbi au binzari?

KibandaChaNyuma
Habari za jioni wanajukwaa. Nina iliki nyuma ya nyumba, chini ya mfenesi. Imeshika vizuri, ila katikati ya mashina pako wazi na magugu yananichosha; nikipalilia leo, wiki ijayo yamerudi. Jirani ana mbegu ya tangawizi na anataka jibu kabla ya Jumamosi, la sivyo anampa mtu mwingine. Mama mkwe anasema magimbi. Mimi moyo wangu uko kwenye binzari. Nichague lipi?

MzeeWaJembe
Binti yangu, uko wapi? Shina na shina zimeachana hatua ngapi? Kivuli ni cha kutwa nzima au jua la asubuhi linapita? Mvua ikinyesha maji yanatuama? Unaomba dawa hata hujasema unaumwa wapi.

KibandaChaNyuma
Shikamoo mzee, samahani. Niko Tanga.

Sinde_K
Tanga ipi sasa? Kama ni Raskazone, hiyo iliki itakupa majani tu.

KibandaChaNyuma
Muheza, milimani huku upande wa Amani. Jua la asubuhi linaingia kidogo, mchana kivuli. Hatua mbili hivi kati ya shina na shina. Maji hayatuami, ni mteremko.

MpareHalisi
Basi umemaliza, tangawizi. Huku Same ndiyo inayosomesha watoto. Kivuli chepesi inavumilia, miezi minane hadi kumi unachimba unauza. Iliki unaisubiri kama miaka mitatu ndiyo uone punje, hapo katikati utakula nini?

MamaViungo
Mpare, acha kumdanganya mwenzio. Nilichanganya tangawizi na iliki kwa ushauri kama huo huo. Mbegu nilinunua kwa mtu gulioni, nono, imeng'aa, hata udongo imeoshwa. Ikaota vizuri. Mvua zilipokolea majani ya chini yakaanza kuwa manjano, yakajikunja, kisha shina zima likalala. Ukilivuta linang'oka lenyewe, na pale chini pananuka. Nikamwita bwana shamba, akakata kipande cha shina akakitumbukiza kwenye glasi ya maji safi. Hatukukaa sana, ukatoka uzi mweupe kama maziwa ukishuka taratibu. Mnyauko wa bakteria huo, akaniambia haupigwi dawa ukapona, na udongo unabaki nao. Ikabidi ning'oe yote nichome. Sasa sikilizeni: iliki yangu haikuuawa na ugonjwa, iliuawa na jembe. Mizizi yake iko juu juu tu, na kila nilipochimba tangawizi nilikuwa naikata. Mashina yakadumaa, msimu uliofuata sikuona ua.

MpareHalisi
Pole mama, lakini hiyo ni mbegu mbovu. Mtu unachagua mbegu kwenye shamba lililo zima, mmea ukiwa bado umesimama, siyo kuokota gulioni.

MamaViungo
Na jembe nalo ni bovu?

Sinde_K
😂😂 Mpare jibu hapo. Binzari nayo si ni ya kuchimba vilevile? Tena zote tatu ni ukoo mmoja, iliki, tangawizi na binzari. Bora magimbi, mama mkwe yuko sahihi.

MzeeWaJembe
Gimbi si linachimbwa pia? Na lina jani pana. Watu wanasahau iliki haitoi maua juu kwenye majani, vikonyo vinatokea shinani na kutambaa juu ya udongo. Ukipafunika, nyuki ataliona wapi ua? Mimi kwangu katikati sipandi kitu. Nalaza majani makavu, tena mazito, magugu yanakosa jua na unyevu unabaki. Kama ni lazima upate kitu cha kuuza, pandisha pilipili manga kwenye huo mfenesi. Inapanda juu, haigombani na mtu.

Sinde_K
Mzee, kaulizia katikati, hajaulizia juu ya mti.

MzeeWaJembe
Nimemjibu na la katikati. Soma vizuri.

Tumbatu77
Mimi ningeogopa mafenesi yenyewe. Fenesi lililoiva likidondoka, shina la iliki limekwisha. Kisha hamjamwambia kuhusu wezi. Iliki ya nyuma ya nyumba unaivuna mbichi kabla hawajakutangulia, halafu mnunuzi anakwambia ni nyepesi, bei nusu.

MpareHalisi
Hilo la wezi ni kweli tupu. Tangawizi haiibiwi hivyo, mpaka mtu achimbe.

Tumbatu77
Kwetu wanachimba usiku na tochi mdomoni.

KibandaChaNyuma
Asanteni wote, nasoma kila neno. Mzee, hayo majani makavu nilishajaribu, kuku wanayachakura yote mpaka mizizi inaonekana.

MamaViungo
Kuku tena?! Mbona hukusema mwanzo una kuku?

KibandaChaNyuma
Sikujua kama wanahusika.

MzeeWaJembe
Wanahusika sana. Hao watachakura hata hiyo tangawizi. Zungushia wavu au matete, kisha laza majani.

Sinde_K
Au uza kuku.

KibandaChaNyuma
Kuku ni wa mama mkwe. Jirani nimemwambia anibakishie nusu ndoo, nitaipanda kule karibu na bomba, mbali na iliki. Binzari bado sijaamua. Mzee, vipando vya pilipili manga nachukua sehemu gani ya mmea?

MzeeWaJembe
Chukua yale machipukizi yanayotambaa chini, yanashika mizizi haraka. Usichukue matawi ya pembeni.

Tumbatu77
Mwenye vipando safi Muheza anicheki faragha, na mimi nahitaji.