Laki 4 na 80 kwa kichwa, nikapelekwa kuona kisiwa kilicho chini ya maji. Hawa watu wa trip za Pangani na Lushoto wametuona mazuzu

Wakuu habari za muda huu. Uzi ni mrefu, mwenye haraka apite tu, mimi hii hasira nimekaa nayo siku 9 nikijua itapoa na haijapoa.

Iko hivi. Mwezi huu wa 7 mama mkwe alikuja kututembelea Dar akitokea Mpwapwa. Mama wa watu ana miaka 61 na maisha yake yote bahari anaionaga kwenye tv. Mimi nikajifanya mkwe mwema, badala ya kumpeleka Coco Beach akale mihogo arudi nikasema hapana, huyu kanipa mke, ngoja nimfanyie kitu. Nikaona tangazo mtandaoni, siku 4 Pwani na Milima, Pangani mpaka Usambara, "kagrupu kadogo watu 8 tu, hatuchanganyi watu", Land Cruiser, mabanda ya ufukweni Ushongo, boti ya Maziwe, magofu ya Tongoni, mapango ya Amboni, kisha mnapanda Lushoto mnatembea msitu wa Magamba na kuangalia machweo pale Irente. Chakula, malazi, viingilio, kila kitu ndani. 480,000 kila mtu. Mimi, wife na mama, piga hesabu mwenyewe, 1,440,000. Nikalipa yote mkupuo kwa namba ya simu ya mtu binafsi, hapo mnitukane tu nastahili.

Jina la kampuni sitaji kwanza. Nimewapa muda, mtaelewa mbele.

Ijumaa saa 11 alfajiri tupo Ubungo, Land Cruiser haipo, kuna Hiace. Tukaambiwa Land Cruiser iko gereji. Sawa, gari ni chuma. Tulikuwa abiria 8 kweli kwahiyo nikameza. Muongozaji ni dogo mmoja mchangamfu sana, spika ya bluetooth mkononi, kofia ya pama, anatuita "familia". Kufika Chalinze nikagundua dogo anaangalia ramani kwenye simu kila baada ya dakika 5. Tulipofika Segera akamwambia dereva nyoosha, dereva akamwangalia akasema tukinyoosha tunaenda Korogwe, Tanga ni kulia. Mtu anayeuza safari za mkoa wa Tanga hajui kona ya Segera!! Hata mtoto aliyewahi kupanda basi la Moshi mara moja anaijua ile kona.

Amboni hatukwenda. "Muda hautoshi familia." Muda hautoshi kwa sababu tulikaa Segera saa nzima na nusu tukisubiri chipsi mayai ambazo ndio zilikuwa lunch. Kumbukeni hizo chipsi mayai zitarudi.

Tongoni tukafika jioni na hapo ndipo nilianza kuchoka kiroho. Kwa ambaye hajafika, ni kijijini kusini mwa Tanga ukielekea Pangani, kuna gofu la msikiti wa zamani na makaburi ya Waswahili wa karne ya 14 na 15 hivi, mengine yana nguzo ndefu za mawe, nyingi zimeanguka. Kwenye nguzo unakuta vishimo vya duara. Mama akauliza, haya matundu ya nini baba? Dogo bila kupepesa macho akasema, haya ni matundu ya risasi mama, Wareno walipigana hapa na haya ni makaburi yao. Kulikuwa na mzee mmoja mwenyeji pale pembeni ana barghashia yake, alisubiri dogo amalize, akasema kwa upole kabisa, "Mwanangu, humo yalikaa mabakuli ya Kichina, watu wamebandua wakaondoka nayo. Na hawa waliolala hapa ni Waislamu, waangalie walivyoelekezwa kibla." Halafu akatupa na hadithi ya Wareno yenyewe, kwamba Vasco da Gama alipita huku 1498 meli yake moja ikakwama fungu hapo mbele, mwaka uliofuata wakirudi wakaichoma moto wenyewe kwa sababu mabaharia wameisha hakuna wa kuiendesha. Yote hayo kwa dakika 10, akisimama na bakora yake. Nikampa buku 5. Dogo wakati huo anajipiga selfi.

Usiku Pangani. Ushongo hakuna, tumepelekwa gesti mjini, vyumba vinanukia dawa ya mbu. Ile dinner ya samaki wa baharini ambayo kwenye tangazo ina picha ya kamba wakubwa kama mkono, tukaletewa chipsi mayai. PANGANI. Samaki wanashushwa hapo mtoni kila siku, unakula yai!

Sasa Jumamosi. Hii ndio siku iliyonileta hapa.

Programu ilisema saa 2 asubuhi tupo kwenye boti. Saa 2 tupo nje tumevaa, mama kajifunga kanga mbili na mtandio, ana mfuko wa ubuyu na karanga za kutafuna kisiwani, Hiace haipo na dogo hayupo. Simu haipokelewi. Saa 4, hamna. Saa 6, hamna. Saa 8 na robo hiyo hapo inakuja, mlango unafunguliwa wanashuka watu SABA wapya. Kumbe walienda kubeba kundi lingine Tanga mjini, nao wamelipia "watu 8 tu, hatuchanganyi". Kuna kaka mmoja wa lile kundi ananiuliza mimi, nyie ni kina nani. Namwambia mzee mimi ndio nataka kukuuliza.

Sasa kwa wale wa bara wenzangu niwaeleweshe kidogo, maana na mimi nilieleweshwa siku hiyo. Maziwe sio kisiwa cha miti na nyumba. Ni fungu la mchanga katikati ya bahari, kilomita 8 au 9 hivi kutoka Pangani. Zamani lilikuwa na mivinje na kasa wakija kutaga kwa wingi, ndio maana serikali ikaitenga kuwa hifadhi tangu 1975, baadaye miti ikaisha, mchanga ukaliwa, leo limebaki fungu tupu. Maji yakipwa linatokea, jeupe, zuri, watu wanaogelea pembeni kwenye matumbawe. Maji yakijaa linazama. Na siku ile mwezi ulikuwa mpevu, ni bamvua, maji yanapwa mno na yanajaa mno. Pwani hii siku za bamvua yanakuwa yamepwa kwenye saa 4 asubuhi, na saa 10 jioni yamefura. Maana yake ile saa 2 asubuhi ya kwenye tangazo ilikuwa sahihi kabisa! Tangazo walikopi kwa mtu anayejua kazi!

Tunafika kwenye boti saa 9 alasiri. Nahodha mtu mzima, kashikilia shati upepo wa kusi usimvue, akamwangalia dogo akamwambia Maziwe saa hizi hamna. Dogo anacheka, "hamna kivipi, si ipo kwenye ramani". Akamuonyesha simu. Wallahi alimuonyesha nahodha simu. Nahodha akasema mimi nimezaliwa hapa, ukitaka nikupeleke ukaone maji nitakupeleka, lakini maboya ya kuvaa yako 8, nanyi mko 15, aliyevaa ndio anapanda. Hilo nampa heshima zake, maana dogo alitaka tupande wote "tubanane familia ni karibu tu".

Tulipewa sisi kwa sababu ya mama. Ningekuwa na akili ningekataa. Ukitoka pale mto unapokutana na bahari, na kusi ile ya mwezi wa 7, boti inanyanyuka pua inakaa hewani kidogo halafu inajibamiza, pwaa, unamwagikiwa mpaka kwenye masikio. Mama hakusema neno. Alishika ubao kwa mkono mmoja, mkono mwingine kashika mfuko wa ubuyu. Baada ya nusu saa akageuka pembeni akatapika, akajifuta kwa ncha ya kanga, akakaa tena vilevile. Mimi naangalia chini, mtu na mkweo mnajua ilivyo, huwezi hata kumshika bega, wife ndio anamshikilia.

Tukaenda, tukaenda, nahodha akazima mashine. Maji pale yanabadilika rangi kutoka bluu nzito yanakuwa kijani cha kufifia, na kuna mstari wa povu unavunjika katikati ya bahari bila sababu unayoiona. Akasema, ndio hapo.

Mama akauliza, "Kisiwa chenyewe kimeenda wapi?"

Nahodha akasema, "Kipo mama, uko juu yake."

Nikainama kuangalia, kweli, mchanga ule kule chini unacheza cheza. Hapo ndipo ilipo laki 4 na 80. Dogo alikuwa kabaki ufukweni, hakuvaa boya.

Nasema hivi, mimi silalamiki bahari wala upepo. Bahari haina kosa. Ratiba ya maji kupwa na kujaa inajulikana mwaka mzima kabla, mvuvi wa Pangani asiye na simu anaijua kichwani, wewe unachukua hela za watu unashindwa kumuuliza mvuvi? Na wasingefuata hao 7 Tanga tungefika saa 4 fungu liko wazi. Kwahiyo ni tamaa. Tamaa ya vichwa 7 imezamisha kisiwa.

Jumapili nitapita haraka maana napandisha presha. Safari ya Lushoto tumeondoka saa 8 mchana badala ya asubuhi kwa sababu mwenye gesti na mwenye boti walikuwa hawajalipwa, wameshikilia funguo ya gari. Watu 17 kwenye Hiace pamoja na dereva na dogo. Mimi nikawekwa kile kiti cha kukunja, na aliyekaa ubavuni, goti kwa goti, paja kwa paja, kutoka Pangani mpaka Lushoto, ni mama mkwe wangu. Wenye mila zenu mtanielewa. Masaa zaidi ya matano mimi na yule mama tumeangalia dirisha tofauti kama tumegombana. Kutoka Mombo kuna kilomita 33 za kona mpaka Lushoto, korongo upande mmoja, ukuta wa mlima upande mwingine, na Hiace ikachemsha kabla ya Soni, tukashuka gizani tukasukuma jiwe chini ya tairi. Baridi ya Usambara mwezi wa 7 mnaijua? Kule ni mita 1,400 huko juu. Kwenye grupu la WhatsApp dogo alituandikia "bebeni nguo za kuogelea na miwani ya jua". Nguo za baridi hakuna aliyeambiwa. Machweo ya Irente tuliyasikia kwenye bomba, tumefika saa 2 na nusu usiku ukungu mtupu. Maji ya moto hamna. Chakula, semeni nyie. Chipsi mayai.

Jumatatu saa 12 asubuhi dogo anagonga milango, familia twendeni Dar, dereva ana wateja wengine jioni. Magamba je? "Tutafidia safari ijayo." Irente je? "Mtaiona kwenye video."

Ndipo mama mkwe akaongea kwa mara ya kwanza kwa sauti. Akasema, "Mimi sipandi." Akakaa kwenye ngazi ya gesti akafungua ubuyu.

Tukabaki sisi watatu na yule kaka wa kundi la Tanga. Nikatafuta bodaboda 4 pale mjini Lushoto, mama kapakiwa na kijana mmoja mpole sana aliyekuwa anampigia honi kila kuku. Irente ni karibu tu na mji. Ukungu ulikuwa unapanda, tukasubiri pale kwenye jabali kama dakika 40, halafu ukafunguka kama mtu kavuta pazia. Chini kabisa huko mashamba ya mkonge yamepangwa mistari, barabara ya Moshi uzi, lori unaliona kama sisimizi, na nyika inaenda mpaka macho yanachoka. Mama akasimama hapo mtandio unapepea akasema, "Sasa hapa umenileta." Gharama ya bodaboda kwenda, kusubiri na kurudi, sitaji ila haifiki hata robo ya hela waliyotuchukua. Tukarudi Dar na basi kwa nauli zetu.

Ninachodai. Boti na Maziwe, Amboni, Magamba, Irente, tofauti ya Ushongo na ile gesti, nauli ya basi watu 3. Nimewaandikia nataka 900,000 mpaka Ijumaa hii, la sivyo naweka jina, namba na skrinshoti zote hapa. Nimewaomba pia leseni yao ya biashara ya utalii na risiti ya EFD (ile ya mashine ya kodi), na zile control number za viingilio wanavyodai walilipia. Mpaka sasa kimya. Wanaojua utaratibu wa kupeleka hii FCC (Tume ya Ushindani) au mahakamani naombeni mwongozo, mwanasheria siwezi kumlipa, hela iko chini ya maji.

UPDATE: Jana usiku wametuma 60,000 na ujumbe "asante kwa kuwa sehemu ya familia". Leo asubuhi wife kanionyesha ukurasa wao. Wameweka tangazo la mwezi wa 8, bei imepanda 520,000. Picha ya juu ni mama mkwe wangu ndani ya boti na boya lake, kaikunja sura muda mfupi kabla ya kutapika, imeandikwa "Mteja wetu akifurahia kisiwa cha Maziwe". Nyuma yake ni maji tu mpaka mwisho wa picha. Mama bado yupo hapa nyumbani, na anayo simu, na hilo tangazo shemeji zangu wote Mpwapwa wameshalisambaza.