MREJESHO: Ile barua ya kufutwa kazi kaunti

Wadau, nimerudi. Mtakumbuka kaunti ilinifuta kwa barua ya mistari minne, eti niliajiriwa kinyume cha utaratibu.

Aliyesema nisikimbilie korti, ubarikiwe. Mwenzangu alienda moja kwa moja Mahakama ya Ajira hapa Kisumu, kesi ikatupwa: alipaswa kuanza na rufaa kwa Tume ya Utumishi wa Umma, kifungu cha 77 cha Sheria ya Serikali za Kaunti. Mimi niliwasilisha siku ya 83. Mwisho ni siku 90. Nusura!

Ushauri wa kutafuta tangazo la kazi, kuonyesha kazi ilitangazwa wazi, ulinisaidia pia. Kipande cha gazeti nilikipata kwa mama, Ahero, amefungia vyeti vyangu, kimeingia doa la mafuta ya taa. Tume iliona sikupewa nafasi ya kujitetea, ambayo kifungu cha 41 cha Sheria ya Ajira kinaitaka, ikaagiza nirudishwe.

Kazini nimerudi. Mshahara wa miezi minane niliyokaa nyumbani bado sijauona, na barua tatu nimeshaandika. Na wewe uliyenituma kwa "mtu wa ndani", elfu tano yangu ililiwa bure.