Mwanamke wa kwanza kudairekti muvi Sweden?

Kijana wa Nkuhungu: Wakuu habari za jioni, nipo UDOM hapa napiga asaimenti ya historia ya filamu, huyo mama ni nani na alianzaje?

Mgogo Mtulivu: Anna Hofman-Uddgren, ni mmoja wa wanawake wa kwanza kabisa, kazaliwa Stockholm 1868. Alikuwa anaimba kwenye kumbi za burudani, baadaye akawa anaziendesha mwenyewe, 1911 ndo akaingia kwenye filamu. Mumewe Gustaf alikuwa mwanahabari, skripti anaandika yeye.

Dada wa Area C: Na August Strindberg mwenyewe, yule mwandishi wa tamthilia wa Sweden, alimruhusu atumie tamthilia zake, 1912 zikatoka filamu za Fröken Julie na Fadren. Fadren ipo mpaka leo, kamera imetulia tuli utadhani umekaa siti ya mbele ukumbini, mie napenda ivo ivo.

Kijana wa Nkuhungu: Asante dada, bando ninalo, naisaka sahivi.