Kesi yangu imefutwa, basi lilinikwamisha Dumila. Nifungue upya?

MamaGunia:
Wakuu, habari za jioni. Nafanya biashara ya mahindi Kibaigwa. Mwaka jana nilimkopesha mteja wa Morogoro magunia 420, kila gunia 90,000, tukaandikishana. Hajalipa hata senti. Nikamfungulia kesi mahakama ya wilaya kule kwake, milioni 37.8.

Jumanne ya wiki iliyopita ilikuwa siku ya kusikilizwa. Nikapanda basi la alfajiri, likakata mkanda wa feni Dumila. Nimefika mahakamani saa tano kasoro, jasho linanitiririka, shahidi wangu nyuma kakumbatia daftari la mauzo. Karani akaniambia, "Mama, imeshafutwa. Mwenzio yupo hapa tangu saa mbili na nusu." Yule bwana nikamkuta nje anakunywa chai, tena akanisalimia!

Jirani anasema nisihangaike, nifungue kesi mpya tu. Ni kweli?

KaraniMstaafu:
Pole sana, mama. Jirani asikuponze. Mngekosekana wote wawili, ungeweza kufungua upya, mradi ukomo wa muda haujapita. Lakini mdaiwa alikuwepo, na deni hajalikiri. Kwa Amri ya 9 ya Sheria ya Mwenendo wa Madai, Sura ya 33, kesi mpya kwa madai yaleyale huwezi tena. Unaomba mahakama ileile itengue amri yake na kuirejesha kesi, ndani ya siku 30 tangu ilipofutwa. Kwa hiyo tisa umeshazila.

Dereva_wa_Fuso:
Siku ya kesi mtu analala mjini, mama. Barabara ile unaijua.

MamaGunia:
Mwanangu, nilale gesti mara ngapi? Imeahirishwa mara nne, na mara ya tatu yeye ndiye hakutokea. Mbona yake haikufutwa?

KaraniMstaafu:
Hana cha kufutiwa, kesi ni yako. Siku ile ungeweza kuomba usikilizwe upande mmoja, yaani wewe peke yako bila yeye, kama wito ulimfikia. Ila andika kwenye kiapo chako, yaani maelezo ya maandishi unayoyaapia kuunga mkono ombi, kwamba tarehe zote nyingine ulihudhuria; jalada litakuunga mkono. Mahakama inataka sababu ya kutosha, na "basi liliharibika" hivihivi nimeona ikikataliwa hadi nikachoka. Ambatisha tiketi. Shahidi uliyesafiri naye aape kiapo chake mwenyewe, na kondakta vilevile. Ukimtaja mtu kwenye kiapo chako naye asiape, wakili wa upande wa pili atakukamata hapohapo.

MamaGunia:
Tiketi ipo, nimeifunga kwenye pindo la khanga pamoja na stakabadhi za ushuru. Kondakta sina namba yake, ila sura naijua. Kesho alfajiri niko Msamvu stendi, namngoja ashuke.

Dereva_wa_Fuso:
Basi gani mama? Nitumie inbox, makondakta wa njia hiyo wengi nawajua.