Naomba ushauri: pensheni ilikatwa lakini haikufika kwenye mfuko

Wanasheria na wastaafu wa Kisumu na Nakuru, naombeni mwongozo. Hati za mshahara za mstaafu wa kaunti moja zinaonyesha makato kila mwezi, lakini taarifa ya mfuko ina mapengo. Mwajiri alikata, hakuwasilisha. Barua ya madai iligongwa muhuri wa kupokelewa, kisha kimya.

Tukikimbilia Mahakama ya Ajira Kisumu, si kesi itatupwa kwa kuruka Mamlaka ya Mafao ya Kustaafu (RBA), inayosimamia mifuko ya pensheni? Tukingoja Mamlaka, ile miaka 3 ya kufungua kesi chini ya Sheria ya Ajira haisubiri mtu. Wadhamini wa mfuko nao washtakiwe tangu mwanzo?

Tena hata ukishinda, mali ya serikali haipigwi mnada: ni cheti cha amri kwanza (hati ya mahakama inayothibitisha kiasi serikali inachotakiwa kulipa), ndipo uombe mahakama imlazimishe afisa mhasibu alipe. Aliyewahi kukifuatilia cheti hicho, kilichukua muda gani?