Kuhamisha gemu za Virtual Console kutoka Wii kwenda Wii U: nyingine ziko kwenye kadi ya SD, nifanyeje?

Samus_B

Wakuu, habari za humu. Swali langu ni refu kidogo, mnivumilie, maana hapa nikikosea hatua moja sina pa kurudi.

Nina Wii nyeupe ya toleo la kwanza. Ina gemu 31 za Virtual Console (gemu za mashine za zamani kama NES, SNES na N64, zilizouzwa kwa kupakuliwa) ambazo mimi na kaka yangu tulizinunua kwa Wii Points tangu 2007. Kaka ndiye aliyekuwa anajaza pointi, halafu ananiachia mimi nichague. Ya NES pointi 500, ya SNES 800, ya N64 1,000. Tulikuwa tunakaa na karatasi tunapiga hesabu ili zisibaki pointi 200 zisizonunua kitu. Moja kati ya hizo ni Teenage Mutant Ninja Turtles ile ya NES, tuliyoilipia 600 na ambayo iliondolewa dukani 2012. Nyingine ni Sin and Punishment ya N64, ambayo kabla ya Virtual Console ilikuwa haijawahi kuuzwa Marekani wala Ulaya.

Sasa Wii imeanza kuumwa. Ikiwaka dakika 20 hivi, picha inajaa vidoti vyeupe na vya kijani. Mwanzoni vilikuwa vinatokea kwenye sehemu nyeusi tu, nikadhani ni kebo. Nimebadilisha kebo, vipo vilevile. Juzi niko chini kabisa Maridia kwenye Super Metroid, skrini nzima ikawa kama inanyeshewa mchanga.

Nimenunua Wii U iliyotumika, yenye GamePad yake (pedi kubwa yenye skrini), ya kanda ileile na Wii yangu. Gemu 19 ziko ndani ya Wii, 12 (Turtles ikiwemo) ziko kwenye kadi ya SD ya 2GB kwa sababu nafasi ya ndani ilijaa zamani. Nilidhani nikichomeka kadi ile kwenye Wii U zitafunguka tu. Zimekataa zote.

Kinachoniuma zaidi ni sevu (maendeleo ya gemu yaliyohifadhiwa). Kwenye Super Metroid, SAMUS A ni ya kaka, SAMUS B ni yangu, na yake hajaimaliza. Kila akija nyumbani anaendelea pale alipoishia. Je, sevu zinahama pamoja na gemu? Zile 12 za kwenye kadi zitapona? Na la mwisho: Wii haiioni kabisa rauta yetu mpya, wakati simu zote zinaiona. Duka la Wii lenyewe lilifungwa kwa mauzo Januari 2019, kwa hiyo sijui hata kama nina cha kuunganisha nacho.

Natanguliza shukrani.

---

FundiWaUsiku

Dada, umefanya vizuri kuuliza kabla ya kugusa. Nimefanya uhamisho huu mara mbili, wangu na wa rafiki, nitakueleza kwa mpangilio nilioufuata.

Kwanza kabisa leo hii, kabla ya lolote: angalia taa ya Wii ukiizima. Kama inabaki ya manjano badala ya nyekundu, WiiConnect24 (huduma ya kuiacha Wii kwenye mtandao hata ikizimwa) bado imewashwa. Maana yake mashine imelala lakini ndani inafanya kazi huku feni imesimama, na joto linajaa pale kwenye chipu ya picha. Vidoti unavyoviona ndivyo vinavyoletwa na joto la namna hiyo kwa miaka mingi. Ingia kwenye mipangilio uizime. Huduma yenyewe ilisitishwa 2013, haikusaidii kitu. Vidoti havitaondoka, ila utapunguza kasi ya kuharibika. Na usiiwashe tena kwa kucheza. Muda iliobaki nao utunzie kazi ya kuhamisha.

Kuhusu kadi kukataa: kwenye Wii, haki ya gemu haikufuati wewe, inafuata mashine. Gemu ikiwekwa kwenye kadi ya SD inafungwa kwa ufunguo wa ile Wii moja, na mashine nyingine yoyote haiwezi kuufungua, hata kama ni yako na umelipia. Kwa hiyo kunakili kadi hakusaidii. Njia ni moja tu, programu rasmi ya uhamisho, ambayo inazungumza na seva za Nintendo na kusema kuanzia sasa akaunti ya duka ya Wii hii ni ya Wii U ile.

Sevu zinahama. Na kwa zile 12, habari ni nzuri kuliko unavyodhani: ulipozihamishia kadi, gemu ndiyo iliyokwenda, sevu yake ilibaki ndani ya mashine. Gemu zenyewe hazibebwi na uhamisho zikiwa kwenye kadi, lakini orodha ya ulivyowahi kununua inahama na akaunti, kwa hiyo ukifika upande wa pili unazipakua upya bure. Hata hivyo mimi nisingeiachia ile ya Turtles bahati. Futa kwa muda gemu mbili tatu nzito za N64 ambazo hazijawahi kuondolewa dukani, futa gemu tu, usiguse sevu yake, kisha irudishe Turtles ndani ya Wii. Za NES ni ndogo sana, utapata nafasi.

Rauta: Wii inasikia 2.4GHz peke yake, kwa mtindo wa zamani wa b na g, na usalama inaoujua mwisho ni WPA2. Rauta nyingi mpya zimewekwa WPA3, ndiyo maana haiioni au inaiona na kugoma. Ingia kwenye rauta, fungua mtandao wa wageni wa 2.4GHz, weka WPA2 yenye AES, chaneli 1 au 11. Ikigoma bado, ipo adapta ya USB ya kebo ya mtandao, nayo Wii inaikubali.

Sasa mpangilio wenyewe. Wii iwe na mfumo wa 4.3, ambao ndio wa mwisho. Kwenye duka la Wii pakua Wii U Transfer Tool, ni ya bure. Tafuta kadi nyingine ya SD, isiyozidi 32GB, yenye nafasi ya angalau 512MB. Usitumie ile ya gemu zako. Halafu unaanzia upande wa Wii U, siyo Wii. Hapa ndipo wengi wanapopotea. Fungua Wii Menu ndani ya Wii U (sehemu yake inayofanya kazi kama Wii), anza uhamisho, itaiandaa kadi. Toa kadi, peleka Wii, endesha ile programu. Ikimaliza, rudisha kadi kwenye Wii U ikamilishe.

Elewa kitu kimoja: Wii inapomaliza sehemu yake, gemu na sevu zinafutwa humo. Kuanzia hapo mpaka Wii U imalize, kila kitu kipo kwenye kile kikadi ulichokishika mkononi. Usikipeleke kwenye kamera, usikiache mezani penye watoto. Na kurudi nyuma hakuna, Wii U hairudishi kitu kwa Wii.

Ukiweza kupata rimoti mbili za Wii itakuwa rahisi, moja kila mashine. Ukiwa na moja utakuwa unaiunganisha upya kila mara kwa kitufe chekundu. Ile baa ya sensa ya Wii inaingia pia kwenye Wii U, plagi ni ileile, na GamePad ina sensa yake ndani ukiiweka mbele yako.

---

TV_ya_Chogo

Naongezea mawili ambayo mkuu hapo juu hakuyagusa.

Samus_B, gemu za N64 unazichezea pedi gani? Kama ni ya GameCube, jua kwamba Wii U haina matundu yake, na hata ile adapta ya USB iliyotoka 2014 haifanyi kazi ndani ya Wii Menu. Utahitaji Classic Controller inayochomekwa kwenye rimoti. Sevu za GameCube nazo hazihami, hizo zibaki kwenye Memory Card yake na Wii ya zamani.

La pili, usiitupe Wii. Mimi nina TV ya chogo, na gemu za SNES kutoka kwenye Wii zinatoka kwa 240p (ukubwa wa picha wa mashine za zamani), mistari ikiwa mahali pake kama zamani. Kwenye Wii U kwa HDMI picha inakuzwa, inakuwa laini. Wengine wanaipenda hivyo, mimi hapana. Ningekuwa na Wii nzima ningebaki nayo. Lakini yako vidoti vimeshaanza, na ikifa na haki zikiwa ndani yake utabaki na risiti za kwenye kumbukumbu ya kichwa. Hamisha.

---

Samus_B

Taa ilikuwa ya manjano. Miaka yote hiyo! Nimeizima sasa hivi, imekuwa nyekundu.

Na ndiyo, Ocarina of Time nimeizoea kwa pedi ya GameCube, ile ya zambarau. Sikuwaza kabisa suala la matundu. Asante TV_ya_Chogo, ningegundua nikiwa tayari upande wa pili.

FundiWaUsiku, kuna kitu cha kukagua kwenye hii Wii U kabla sijaiamini na mali zangu zote?

---

FundiWaUsiku

Ndiyo, na ningekwambia mapema. Baadhi ya Wii U zilizokaa muda mrefu bila kuwashwa zimekuwa zikifa kumbukumbu ya ndani, na zinaonyesha kosa 160-0103. Kwa kuwa uhamisho ni wa kwenda tu, iwashe hiyo Wii U siku kadhaa mfululizo, icheze, isasishe, ifute vitu vya mwenye awali, uone kama inalalamika. Ikikaa kimya wiki nzima, endelea. Angalia pia Wii Menu yake ina nafasi, kwa sababu sehemu ya Wii ndani ya Wii U ni 512MB kama Wii ya kawaida. Diski ya nje uliyoichomeka kwa USB haihesabiki humo.

Ila usikae miezi. Nintendo walipofunga mauzo walisema wazi kwamba kupakua upya na kuhamisha navyo vitakoma siku moja. Mwaka 2022 duka lilikatika miezi kadhaa kabla ya kurudi, na kipindi kile nilikuwa na Wii ya rafiki mezani, nusu ya kazi imefanyika. Sikulala vizuri.

---

Kadi_Mbili

Kwa anayesoma akiwa na PS3: huko mambo ni tofauti, msichanganye. Gemu za PS1 ulizonunua zinafuata akaunti yako, na unazinakili kwenda PSP kwa kebo ya USB huku nakala ikibaki kwenye PS3. Kizuizi ni idadi ya mashine zilizoidhinishwa. Tangu Novemba 2011 ni mbili, kwa hiyo ukiuza mashine ondoa idhini yake kwanza. Duka la kwenye PSP yenyewe lilishafungwa, ndiyo maana njia ya kupitia PS3 ina thamani.

Wenye 3DS nao, ninyi mna uhamisho wa mashine kwa mashine moja kwa moja, zote mbili zikiwa kwenye mtandao. Kama mliwahi kupata zile gemu 10 za Game Boy Advance walizopewa walionunua 3DS kabla bei yake haijashuka Agosti 2011, zilindeni. Hazikuuzwa kamwe kwenye 3DS.

---

Samus_B

Wakuu, nimerudi na taarifa.

Nimeiacha Wii U inawaka kila jioni kwa siku nane, haikutoa kosa lolote. Rauta nimefungua mtandao wa wageni kama mlivyosema, WPA2, chaneli 11, na Wii ikaiona mara ya kwanza tu. Nimerudisha Turtles ndani, nikafuta Sin and Punishment na Ocarina, sevu nikaziacha.

Uhamisho nimeufanya asubuhi, kabla mashine haijapata joto, na feni ya mezani nimeielekeza kwenye Wii. Wale Pikmin (vikaragosi vidogo vinavyoonekana kwenye skrini wakati wa uhamisho) wakaanza kubeba vitu vyangu kimoja kimoja. Nilikuwa nawahesabu. Wakati Wii inasema imemaliza, menyu yake ikabaki na visanduku vitupu, na kadi iko mkononi mwangu, nilisimama pale katikati ya mashine mbili nikiwa nimeishika kwa vidole viwili kama yai. Rimoti nilikuwa na moja, nikabonyeza vile vitufe vyekundu mara ya kwanza ikakataa, mara ya pili ikashika.

Zimefika zote 17 zilizokuwa ndani pamoja na Turtles. Nilipofungua duka kwenye Wii U, orodha ya vilivyonunuliwa iko kamili, 31. Nimeshapakua 9 kati ya zilizobaki, nyingine 4 nitamalizia kesho.

Kisha nikafungua Super Metroid. SAMUS A, SAMUS B, zote zipo, na nguvu na muda wake vilevile. Picha haina kidoti hata kimoja. Nimeipiga picha skrini ile nikamtumia kaka, akanipigia hapohapo akaniomba nimhakikishie kwamba sijaigusa A. Sijaigusa.

Ocarina nimeipakua lakini bado sijaifungua. Nasubiri Classic Controller.