Filamu fupi ya ndani ya treni: maiti anadaiwa tiketi, tunamalizaje?

Mwana_Katuba: Bazee, naomba ushauri. Tuko vijana watano hapa L'shi (Lubumbashi, Kongo), tunatengeneza filamu ya dakika 12. Treni inakwenda Kamina. Mzee mmoja anafia kwenye kiti, kontrolere anapita, anadai tiketi. Abiria: "Huyu amekufa." Kontrolere: "Kabla ya Likasi ao kisha? Kama ni kisha, kuna faini." Maiti ananyoosha mkono, anaonyesha tiketi, anarudi kulala. Hakuna anayeshangaa. Shida ni mbili: ruhusa ya kupiga picha ndani ya treni tumenyimwa, na mwisho hatuna.

Fundi_Mbao: Jengeni wagoni kwenye garaji. Viti viwili vinavyotazamana, dirisha moja, basi. Ila reli zetu zina upana wa milimeta 1,067, wagoni ni nyembamba; magoti ya abiria yagusane. Usiku kijana mmoja apitishe taa nje ya dirisha, mwingine apitishe tawi la mti. Kamera ndiyo itetemeke, msitikise ukuta. Wetu ulituangukia.

Mama_Bukari: Batoto ba leo, mufu naye munamulipisha? Nimecheka, kisha nikaona haya. Msimpake damu. Avae koti lake la ndoa, kofia mkononi. Na mama mmoja amwombe ruhusa, kwa heshima kabisa, aweke sahani ya bukari (ugali) juu ya magoti yake, maana meza hakuna.

Yaya_Reli: Taa za nini? Nani kawaambia treni lazima itembee? Reli ilifika mji huu 1910, treni bado tunaingoja. Mimi nilikwama kabla ya Luena, mashini imekufa, siku tatu. Siku ya kwanza watu walitukana. Ya pili wakawasha makala (makaa) kando ya reli. Ya tatu mtu akafungua kinyozi. Treni yenu isimame tangu picha ya kwanza: ukimya, panzi, mbuzi mmoja. Kontrolere yeye aendelee kutangaza vituo kama kawaida. Akifika "Kamina!" hakuna anayejisumbua, isipokuwa maiti. Anavaa kofia, anaaga, "Mubakie salama," anashuka porini.

Mwana_Katuba: Yaya! Aksanti sana. Na sahani ya bukari ashuke nayo.

Fundi_Mbao: Kwa hiyo taa yangu na tawi langu basi?

Mwana_Katuba: Tawi tunalichukua, kaka. Lisimame tu.